Mstari Uliopita Nyuma ya Ua

Mchoraji alikuwa na ukucha mmoja mrefu, wa kidole cha mwisho cha mkono wa kushoto, na ofisi nzima ilijua kazi yake. Akikosea mstari aliukwangua kwa wembe, taratibu, mpaka wino utoke bila karatasi kutoboka, kisha kwa ukucha ule akapalainisha pale palipokwaruzwa ili wino mpya usisambae. Wageni walidhani ni maringo. Mimi, wiki yangu ya kwanza pale, nilidhani ni uchafu tu, na kwa kuwa mdomo wangu haujui kufungwa, nilimwuliza kama kwake hakuna mkasi. Akanitazama juu ya miwani, akauliza natoka wapi. Nikasema Seme. Tangu siku hiyo akaniita nyar Seme, binti wa Seme, na jina langu lililoandikwa kwenye barua ya kuajiriwa sidhani kama aliwahi kulijua.

Nami lake sitalitaja. Mahali alipozaliwa na ukoo wake havikuwa mazungumzo yake, na wala sikuvitafuta. Nilimjua akiwa amekwisha kuwa mzee, shati jeupe, mikono imekunjwa mara mbili, amesimama mbele ya meza iliyoinama. Kukaa hakukaa. Alisema mstari uliochorwa na mtu aliyekaa huonekana umekaa.

Ofisi yenyewe ilikuwa chumba kirefu mjini Kisumu, ziwa likionekana kidogo kati ya paa mbili. Mimi nilikuwa karani wa majalada. Yeye alichora ramani za mashamba ya pande zetu. Picha zilizopigwa kutoka kwenye ndege zililetwa kwenye masanduku, akazitandika chini ya karatasi nyepesi, akafuata kwa wino kila ua na kila safu ya katani iliyoonekana kuwa mpaka. Watu walikuwa wameambiwa kabla ndege haijapita wapande kitu mipakani mwao, kitu kitakachoonekana kutoka juu. Mchoraji alifuata walichopanda. Mstari wake ukishapigwa muhuri, huo ndio ulikuwa shamba, na mwenye kubisha alibishana na karatasi.

Mtu wa namna hiyo ungedhani anaijua nchi kama kiganja chake. Hasha. Hakujua njia. Alikaa Mamboleo, akaja kazini kwa barabara ileile kila siku ya Mungu, na mwaka walipoichimba barabara hiyo magari yakazungushwa kwingine, aliingia ofisini saa sita mchana, jasho likimtiririka, akidai mji umehamishwa. Tulicheka hadi mkubwa wetu akatoka chumbani kwake kuuliza kuna msiba gani. Shambani ndiko hakwenda kabisa. Wapimaji walirudi kila Ijumaa wamejaa vumbi na hadithi, naye akawasikiliza kwa adabu, akarudi kwenye picha zake. Alikuwa na chombo chenye vioo viwili vya kutazamia. Ukiweka picha mbili chini yake, vilima huinuka na miti husimama. Alisema hapo ameona Nyakach yote bila kukanyaga tope lake. Alilisema kwa fahari, na mimi nilimwonea wivu, kwa sababu tope la Nyakach nalijua.

Kwake hakukuwa na ua. Nilienda mara moja kumpelekea dawa akiwa na malaria, nikakuta mbuzi wa watu watatu tofauti katikati ya sukuma wiki yake. Nilipomwambia hata waya mmoja ungesaidia, alisema mchana kutwa anawazungushia watu mipaka, jioni anataka kupumzika. Mke wake alinitazama kwa macho ya mtu aliyekwisha kulisikia jibu hilo mara mia.

Saa nne, chai ikija, alifungua droo ya chini. Humo aliweka nakala za ramani za zamani, na hapo ndipo nilipoisoma historia ya nchi hii, maana shuleni niliikariri tu. Ya kwanza kunionyesha ilikuwa ile ambayo Kisumu yetu imo ndani ya Uganda. Nilibisha. Akaniwekea kidole juu ya herufi. Mzungu mmoja aliona reli isimamiwe na serikali moja mpaka ziwani, wakausogeza mstari, basi. "Babu yako hakusogea hata hatua moja," akasema. "Alilala Uganda, akaamka Kenya, na hakuna mtu alimwamsha kumwambia."

Nyingine, ya zamani zaidi, ilikuwa na ziwa lililochorwa vibaya, nene kama kiazi, na upande wetu wa ufuko ulikuwa mweupe mtupu. Nikamwuliza Seme iko wapi. Akapitisha ukucha juu ya weupe ule, akasema mchoraji wake hakufika huko, na kwa kuwa hakufika, aliona heri aseme hakuna kitu. "Kwa hivyo wewe umetoka hakuna kitu, nyar Seme. Na bado unachelewa kazini." Aliipenda ramani ile kuliko zote. Alisema angalau inakubali kwamba haijui. Zilizoiogopesha roho yake ni zile zilizojaa, zenye rangi na mistari iliyonyooka, kwa sababu alijua mistari iliyonyooka inatoka wapi. Inatoka kwa mtu aliye mbali, mwenye rula. Alinionyesha ile iliyotenga mashamba ya wazungu na maeneo ya wenyeji, mashariki ya Awasi, jinsi ilivyokuja kuwa mpaka wa hiki na kile hata baada ya bendera kubadilishwa. Wazungu waliondoka na rula ikabaki, alisema, na watu wanazaliwa na kufa upande mmoja wake bila kuuliza nani aliishika.

Ufuko wa ziwa ulimsumbua. Hakuuchora kwa wino mzito hata alipoagizwa. Alikuwa ameona mvua kubwa za miaka ya uhuru zilivyomeza mashamba ya watu, na aliona ziwa likirudi nyuma pole pole miaka iliyofuata, na kila liliporudi watu waligombania tope lililobaki. Basi aliuweka mstari mwembamba wa vipande vipande. Mkubwa akauliza kwa nini. Akajibu kwamba ziwa halijatia sahihi. Jibu hilo lilimpatia barua ya onyo, nami niliiweka kwenye jalada lake kwa mkono wangu.

Usidhani alikuwa mpole wakati wote. Alikuwa mchoyo wa kalamu, alinuna akiazimwa rula, na aliwadharau wapimaji vijana waziwazi. Lakini siku moja nilimwona katika ubora wake. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya tisini, wakati watu walipoanza kuulizana nani alitangulia kukaa wapi, na kuulizana huko kulianza kunuka. Wanaume wawili wenye makoti walikuja kwa siku mbili tofauti, mmoja kutoka upande huu wa mpaka wa wilaya, mwingine kutoka upande ule, kila mmoja akitaka ramani ya zamani itakayothibitisha kwamba sehemu fulani ni yao. Mchoraji aliwaambia wote warudi Alhamisi saa nne. Wakakutana pale, wakatazamana kama paka. Akawatandikia ramani tatu za miaka mitatu, moja juu ya nyingine, juu ya kioo chenye taa. Mpaka ulikuwa mahali patatu. "Zote ni za serikali na zote ziko na muhuri," akasema. "Chagueni mwaka." Mmoja akaomba maji. Waliondoka bila nakala, na sijui kama kilichosemwa pale kilizuia chochote, lakini mimi niliyekuwa nimejificha nyuma ya majalada nilijisikia ahueni.

Alhamisi hiyo alikuwa mtu mwingine kuliko yule niliyeanza kazi naye, na aliyembadilisha alikuwa Min Akinyi.

Aliingia ofisini katikati ya miaka ya themanini, mwanamke mrefu aliyebeba viatu mkononi kwa sababu ya tope, kutoka karibu na Pap Onditi. Kwetu mama huitwa kwa mwanawe, naye alikuwa Min Akinyi, mama yake Akinyi. Kila mtu aliyekuja pale aliuliza mkubwa yuko wapi. Yeye aliuliza yuko wapi mtu anayechora. Nikamwelekeza, nikabaki karibu, maana mimi na umbea tulizaliwa siku moja.

Jirani yake alikuwa amepata hati ya shamba, na hati ilisema mpaka wao ni ua wa Min Akinyi. Ua huo ulikuwa wa boma, ojuok, ule mmea wa utomvu mweupe tunaozungushia nyumba zetu. Mpaka wa shamba ulikuwa mbele zaidi, hatua kama sitini nyuma ya ua, kwenye katani aliyoipanda na marehemu mumewe walipoambiwa wapande. Jirani alikuwa ametangaza kwamba mvua ikikaribia atalima mpaka kwenye ua.

"Mtoto yangu ako hapo kati," akasema. "Kati ya ua na katani. Sijakuja kugombana, Mzee. Nauliza tu, uliona nini ukachora hivyo?"

Mchoraji akatafuta picha, akaiweka chini ya vioo vyake. Alitazama muda mrefu. Kisha akainua kichwa, akamwambia Min Akinyi aje atazame mwenyewe, na mimi baadaye. Ojuok ilionekana wazi, duara jeusi nene. Katani ilikuwa changa siku ndege ilipopita, haikutoa hata kivuli. Alikuwa amefuata kilichoonekana.

"Alikuwa ameolewa?" akauliza, sauti chini.

"Bado. Alikuwa amebakisha mwezi."

Msomaji wa kwetu amekwisha kuelewa. Kwa wengine niseme: binti wa Kijaluo aliyekua akafa kabla ya kuolewa hazikwi ndani ya boma la babake. Huzikwa nje, nyuma ya ua. Kila mtoto wa kando ya ziwa analijua hilo, nami nililijua, na jalada la shamba lile lilipita mikononi mwangu bila mimi kuwaza lolote.

Min Akinyi alipoondoka, Mchoraji hakushika kalamu tena siku hiyo. Nilimfariji kijinga, nikamwambia picha ndiyo iliyokosea. Akakataa. Alisema Mzungu angechora vile, yeye mwenyewe angemtetea, maana Mzungu angejuaje? "Mimi nimezika dada zangu wawili nyuma ya ua, nyar Seme. Nilijua vizuri sana nini iko hapo. Nilijua, na nikapitisha wino." Moyo uliniuma kwa ajili yake. Sikuwahi kumwona mtu mzima akijionea aibu hivyo bila kutafuta wa kugawana naye.

Akataka kuandika barua ya kukiri. Wakubwa wakamshauri aache. Alibakiza miaka michache astaafu, na mchoraji akisema mstari mmoja ni mbaya, watu watauliza na mingine. Alikuja mezani kwangu na barua, nikaipiga chapa. Mkubwa akairudisha, akitaka iandikwe kwamba huenda kulitokea hitilafu. Mchoraji akaliondoa lile "huenda". Ikarudi tena, akaliondoa tena. Mara ya tatu ikapelekwa makao makuu kama ilivyo: mstari nimeuchora mimi, nimekosea, mpaka ni katani. Jibu lilikuja kwa mistari miwili. Neno la mchoraji halitoshi, marekebisho yanahitaji alama inayoonekana kwenye picha. Niliposoma nilitukana kwa sauti, na sijutii.

Basi akafanya alichokuwa hajakifanya. Akaomba ruhusa ya siku moja, akaniomba nimsindikize kwa sababu hajui njia, tukaenda Pap Onditi.

Ungemwona! Viatu vyake vya ofisi vilizama hadi vifundo kwenye udongo ule mweusi. Alikwenda nyuma ya ua akihesabu hatua kwa midomo, akafika penye mawe matatu na kituta kilichokwisha kulala, akavua kofia. Jirani alitukuta hapo. Nilikuwa nimejiandaa kumchukia, ikawa vigumu. Alikuwa mwanamume wa makamo, mwenye sauti ya chini, aliyemsalimu Min Akinyi kwa heshima na kumwuliza hali ya mgongo wake.

"Mzee, mimi sina vita na Mama," akasema. "Hiyo katani naijua. Lakini laini si mimi nilichora, ni nyinyi. Nikiachilia kwa mdomo tu, kesho watoto yangu watasema baba alitupa shamba."

Mchoraji hakubisha. Akamwuliza atakubali nini. Jirani akafikiri, akachora chini kwa fimbo, akafuta kwa mguu. Mwishowe akatoa sharti. Kila mwaka akianza kulima, aliyekosea aje mwenyewe asimame pale kaburini, naye atazunguka na plau. "Mwaka ule hutakuja, nitajua wewe pia umeamini karatasi yako."

Mchoraji akakubali, akaomba ruhusa moja tu, Min Akinyi apande miti kuzunguka kaburi. Jirani akasema miti haina neno. Jioni ileile aliniambia kwenye gari, akikwangua tope kwa ukucha wake, kwamba hataki miti ya kivuli. Anataka miti ya kuonwa na ndege ya picha.

Akaenda. Kila mwaka, mvua za masika zikinukia, mtu aliyepotea Mamboleo alifunga safari peke yake hadi Awasi na kuendelea hadi Pap Onditi, akasimama katikati ya shamba la mtu na mwavuli wake mweusi, ng'ombe wakimkaribia na kumzunguka. Ofisini walimtania, wakamwita sanamu. Alipostaafu aliendelea. Nami nilimsikia akisimulia tope kama wale wapimaji aliowadharau, hili linanata hivi, lile linapasuka vile, mpaka nikamwambia sasa inatosha.

Mara ya mwisho kukaa naye kwa muda ilikuwa baadaye, miaka ile gugu maji lilipofunika ghuba yote na meli zikakwama. Masanduku ya picha mpya yalikuja ofisini kwa ajili ya barabara fulani. Mimi ndimi niliyekuwa mkuu wa majalada sasa. Nilifungua, nikatafuta Nyakach, nikatafuta Pap Onditi, na nilipoipata picha niliyoitaka niliiingiza kwenye mkoba bila kumwomba mtu ruhusa.

Nilimkuta Mamboleo nje ya nyumba yake, mguu mmoja umevimba, umewekwa juu ya kigoda. Amekonda. Kabla sijasema kitu akaniambia mwenyewe, kama mtu anayeungama, kwamba mwaka huo hakwenda. Mguu ulikataa. Wakati wa kulima ulipita akiwa amelala, na hakuwa na wa kumtuma. Nikamwambia picha niliyo nayo ilipigwa baada ya kulima. Akasema nisiitoe. Nikakaa, nikanywa uji wa mkewe, nikaongea habari za gugu maji. Baadaye akanyoosha mkono.

Hakuhitaji kuonyeshwa. Alilipata boma, aliupata ua, akasogeza kidole nyuma yake. Palikuwa na vitone vyeusi, ile miche ya siala aliyoipanda Min Akinyi, sasa miti kamili, imefunga duara dogo. Na mistari ya plau, myembamba sana, ilikuja imenyooka kutoka upande wa jirani, ikafika pale, ikapinda, ikazunguka. Mchoraji akafuata pindo hilo kwa kidole mara mbili, kisha akafunika macho kwa kiganja.

"Alizunguka," akasema. "Sikuwa hapo, na alizunguka."

Akataka kwenda siku hiyohiyo. Mkewe akagomba, mimi nikagomba, hatukusikika. Tukakodi gari la mtu wa pale pale Mamboleo na mguu ule ukawekwa kitini. Njiani nilimweleza kwamba Jumatatu naandika barua, na picha itakuwa ndani, na safari hii alama inaonekana. Barua hiyo ilifanya kazi, ingawa ilichukua mwaka, na aliyeusogeza mstari hadi kwenye katani alikuwa kijana ambaye hakuwajua hata mmoja wao.

Min Akinyi alitupokea mlangoni. Alitueleza kwamba jirani alisimama na ng'ombe wake siku ile mpaka saa sita, akitazama barabara, kisha akaja kuuliza kama Mzee ni mgonjwa. Aliposikia kwamba hata yeye hajui, akasema basi, akaenda kulima.

Mchoraji akampa picha. Yeye hakuwa amejifunza kusoma, na aliishika kwanza kichwa chini. Mchoraji akaigeuza, akamwonyesha barabara, nyumba yake, duara la ojuok, na mwisho vile vitone nyuma ya ua. Akamweleza kwamba ndege ilipita juu sana, mwendo wa kasi, na hivi ndivyo ilivyoona. Mama yule akaisogeza karibu na uso, akaitazama hadi nikadhani hakuelewa.

"Kumbe anaonekana," akasema.